Safari ya Grandmasta wa Magomeni na Kiti Chake

Mmenisimamisha sana njiani, hasa ninyi wa Shangani mnaotembea jioni kuteremsha chakula, mkitaka kujua kwa nini shemeji yangu Selemani haitwi tena Grandmasta. Kila mmoja nilimpa kipande, na vipande hivyo mmeviunga wenyewe mpaka juzi nikasikia kwamba tulimezwa na kiboko. Hatukumezwa na kiboko. Nimekaa dukani kwangu, misumari hainunuliwi siku za mvua, kwa hiyo nawaandikia yote mara moja ili mkicheka mcheke kwa haki.

MAGOMENI, KABLA HATUJAONDOKA

Kwa wasiomjua, Selemani ni mdogo wa mke wangu. Alikuja kwetu Magomeni, hapa Mtwara, kukaa wiki moja baada ya kiwanda cha korosho kusimama, na wiki ile haijaisha hadi leo. Alikuja na begi moja, sataranji na kitabu.

Sataranji alifundishwa na fundi wa kizungu aliyekuja kiwandani kufunga mashine. Hawakuwa na lugha moja, kwa hiyo yule fundi alimwonyesha kwa vidole jinsi kila kete inavyotembea, farasi hivi, ngome hivi, kisha mkataba wake ukaisha akaenda zake. Kete zilipopotea mojamoja, Selemani alichongesha nyingine za mpingo kwa mchongaji wa Kimakonde ambaye hakuonyeshwa mfano, akachonga alivyoona mwenyewe. Malkia ana meno.

Kitabu kilikuwa cha Kiingereza. Kurasa za mwanzo, zenye sheria za mchezo, muuza karanga alikuwa ameshafungia karanga kabla kitabu hakijamfikia shemeji. Zilizobaki zilikuwa maisha ya magrandmasta wa dunia, na hayo Selemani aliyasoma mpaka yakamwingia kwenye damu. Alijua yupi hakutaka kusemeshwa kabla ya adhuhuri, yupi aligombana na taa ya ukumbini, yupi alisafiri na kiti chake mwenyewe, na yupi hakukubali kupanda lifti moja na mwenzake. Magomeni hatuna lifti, lakini mengine yote aliyatekeleza. Asubuhi hasemeshwi. Watoto wakicheka uani, anatoka na kusimama mlangoni mpaka wanyamaze. Alistaafu mchezo mara mbili, zote mbele ya watu, na mara zote mbili hakuna aliyekuwa amemwomba aendelee.

Na alichukua meza. Meza yetu ya kulia chakula, ambayo mke wangu aliinunua kwa ajili ya kulia chakula, ikawa ya sataranji. Sisi tukarudi mkekani.

Kijiwe chake kilikuwa kwenye kibaraza cha Fundi Bakari, mtengeneza redio. Pale zamani walicheza drafti kwa vizibo vya soda. Selemani aliwahamishia kwenye sataranji, na pale ambapo vidole vya yule fundi wa kizungu havikufika, walijazia kwa sheria za drafti, maana ndizo walizokuwa nazo. Huyo akawa Grandmasta wao, akawafunga wote miaka nenda rudi, na Fundi Bakari akamchukia kwa adabu.

Siku moja akapita Amade. Huyu ni mfanyabiashara wa vitenge, baba yake alivuka Ruvuma kutoka Msumbiji wakati wa vita na hakurudi, lakini Amade anavuka kila mwezi. Alitazama mchezo, akasema, "Kule Palma kuna mzee mzungu, grandmasta wa kweli. Anaoka mikate."

Fundi Bakari hakuiachia nafasi hiyo. "Wa kweli! Basi huyu wetu wa nini?"

Watu walicheka. Selemani alisimama, akashika kifua kama anaapishwa, akasema mbele ya wote, "Nitakwenda Palma. Nikishindwa na huyo mzee, jina la Grandmasta nalivua hapahapa, na meza ya dada nairudisha."

Mke wangu alipopata habari ile ya meza, alianza kunifungia nguo usiku uleule. "Utakwenda naye," aliniambia. "Ukarudi na ukweli. Ya kwake yeye siyataki." Sitawaficha, niliondoka Mtwara nikimwombea shemeji yangu kipigo.

MTWARA HADI KILAMBO

Pamoja na Amade, aliyekuwa katika safari yake ya mwezi, tulipanda gari la wazi nyuma, lililobeba magunia ya unga, mabati na sisi. Selemani alikuja na kiti chake. Kiti cha mbao, kirefu mgongo, chenye mto wa sufi alioushona mke wangu katika siku zake za upendo. Dereva alimtazama, akatazama kiti, akauliza kama tunahama.

"Ni mchezaji," nilimwambia.

"Anacheza nini na kiti?"

Tulifika Mahurunga mchana, baada ya kusukuma gari mara nyingi kuliko lilivyotusukuma sisi. Pale tukanunua ming'oko, vile viazi vya porini, ya kuchemsha, imefungwa kwenye majani, tukaila na chumvi ya pilipili. Mimi nilikula fungu zima. Selemani alikataa, akasema magrandmasta hawali vya kushibisha kabla ya pambano. Jua lilipopinda nilimkuta nyuma ya gari amelifungua fungu la Amade.

Kilambo tulikuta maji yamekupwa. Pale mto unakaribia bahari, na boti haivuki mpaka maji yajae, kwa hiyo ukichelewa kidogo unakaa. Tulikaa. Tulilala kwa mama mmoja aliyetupikia ugali wa muhogo na kisamvu cha nazi, na asubuhi maji yalipojaa, mashine ya boti ikakataa kuwaka.

Sasa hapa ndipo kiti kilipotuletea mambo. Mwenye boti alivuta kamba ya mashine mpaka jasho likamtiririka. Kisha akamwona Selemani ameketi kwenye kiti chake kirefu, peke yake, hasemi na mtu kwa sababu ni asubuhi, na mbele yake sanduku limefunguka, limejaa sanamu ndogondogo za mpingo. Alivua kofia. Akaja akachuchumaa.

"Mganga," alisema, "mashine yangu imefungwa na mtu. Ninamjua. Ifungue."

Selemani aliona ametukanwa. "Mimi si mganga. Mimi ni Grandmasta!"

"Basi ndiwe mkubwa wao," alisema yule bwana, akazidi kuinamisha kichwa.

Amade alinivuta pembeni. "Mwambie shemeji yako aweke kile chenye meno juu ya mashine. Akiweka tunavuka leo. Asipoweka tunakula kisamvu mpaka Ijumaa."

Nilimwambia. Alinuna, alinikumbusha hadhi ya mchezo, halafu akanyanyuka na kumweka malkia juu ya mashine kwa uso wa mtu anayejidhalilisha kwa ajili ya taifa. Mwenye boti akavuta kamba. Mashine ikawaka.

Watu walipiga vigelegele. Namjua shemeji yangu, na nawaambia aliona raha.

KATIKATI YA RUVUMA

Ilizimika katikati ya mto. Maji yalikuwa yameanza kutoka tena, na boti ikakaa juu ya fungu la mchanga. Viboko walikuwa mbali, vichwa tu vinaonekana, na kila abiria alikuwa na habari ya mtu aliyedhani wako mbali.

"Mganga, umetia nusu!" mwenye boti alilalamika.

Tulishuka mchangani kungoja maji. Selemani naye akashuka na kiti, akakiweka, akaketi. Pale si Tanzania wala Msumbiji, na yeye ameketi katikati akitazama mbele kama anapigwa picha. Mama mmoja aliyekuwa na kuku alimsogelea akamuuliza kwa sauti ndogo kama anatibu na macho.

Nilikwenda kukaa karibu na miguu yake, maana mchanga wote mwingine ulikuwa umelowa. "Shemeji," nilimwambia, "akikufunga yule mzee?"

"Kiwanda kiliniambia kwaheri kwa kipaza sauti," alisema. "Sote kwa pamoja, bila kututaja majina. Kibarazani kwa Bakari mimi nina jina."

Nilitaka kumtania, tunavyotaniana siku zote, lakini nikaacha. Nikamwuliza kama mto wa kiti haujalowa. Akasema umelowa.

PALMA

Ng'ambo tulipata lori la chumvi, likatupeleka kwa njia ya mchanga hadi Palma, sisi juu ya chumvi na kiti juu yetu. Kinywa changu kilikuwa kikavu siku nzima. Palma yenyewe haikutupa shida ya lugha, wengi wanasikia Kiswahili na Kimakonde kiko kilekile, ila kila tulipouliza nyumba ya grandmasta watu walitutazama tu. Amade alipouliza nyumba ya mzee wa mikate, mikono yote ilinyooka upande mmoja.

Tulimkuta uani, kando ya tanuri la udongo. Mzee Anton, mwembamba, masikio makubwa, kaptula imejaa unga, ameketi juu ya kreti la soda. Mkewe, Bi Zaina, alitupa mikate ya moto na chai ya rangi kabla hajatuuliza majina. Kama kuna kitu ninachokitamani tena katika safari ile ni mkate ule. Mzee alisema Kireno, na Amade akatufasiria.

Selemani alikuwa na maswali aliyoyabeba miaka yote. Alianza na lile kubwa. "Muulize, asubuhi huamka saa ngapi."

"Anasema kabla ya adhana. Unga haujikandi."

"Muulize kiti chake cha kuchezea kiko wapi."

Amade alimtazama mzee, akatazama kreti. "Ndugu, hilo nisimuulize."

"Basi muulize mahasimu wake."

Mzee alifuta mikono kwenye kaptula, halafu akasema maneno mengi. Amade aliyapunguza. Alisema alikuwa mtoto mdogo serikali ilipomtoa kwa mama yake, ikampeleka shule ya mchezo huo, na tangu hapo maisha yake yalikuwa ni mahoteli. Aliijua miji kwa rangi ya mazulia yake. Mke wake wa kwanza alimwacha akiwa anafikiria hatua, na yeye akaimaliza ile hatua kwanza. Halafu nchi yenyewe iliyokuwa ikimlisha ilivunjika, yeye yuko Maputo akifundisha wanafunzi, akasikia redioni kwamba hana kwao. Akamfuata Zaina huku kaskazini. Mahasimu wake walikufa karibu wote. "Anasema anawakumbuka kila siku," alisema Amade, "kwa sababu hakuna mwingine aliyekuwa akielewa anafanya nini."

Selemani aliguna. Alimtazama yule mzee kama mtu aliyeagiza pilau akaletewa uji. Halafu akafungua sanduku, akapanga kete, akaketi kwenye kiti chake, akimtazama grandmasta wa dunia kutoka juu.

Majirani walikuja. Mzee alimshika malkia mwenye meno, akamgeuza, akatabasamu. Wakaanza.

Mwanzo ulikwenda upesi. Selemani alisogeza askari wake mmoja, akamweka peupe mbele ya malkia wa mzee, aliwe. Mzee alimtazama yule askari, akatazama ubao wote, akaachana naye, akasogeza farasi.

Selemani alingoja. Aliona labda ni uzee. Kisha akanyoosha mkono, akamwondoa malkia wa mzee ubaoni, akamlaza chini mchangani, kwa heshima kabisa.

Mzee alisema kitu kwa sauti ndogo.

"Anauliza umefanya nini," alisema Amade.

"Amekataa kula. Mwambie kete ikikataa kula inatoka. Kula ni lazima."

"Anasema, lazima kwa nani?"

"Kwa kila mtu! Kwa dunia nzima! Huyu grandmasta gani hajui kula ni lazima?" Selemani alinigeukia mimi. "Shemeji, si unaona? Hajui!"

Mimi nilikuwa nimemwona mzee. Hakukasirika. Aliinua vidole viwili akauliza, na Amade akafasiri, kama hata mfalme naye analazimika kula. Selemani akajibu kwa kiburi kwamba mfalme ndiye wa kwanza. Hapo mzee alicheka mpaka akashika mbavu, machozi yakakata njia kwenye unga usoni mwake, na Bi Zaina akatoka ndani kuangalia kama ameungua. Akamweleza Amade taratibu, na Amade akatueleza sisi, na nilipotazama uso wa shemeji yangu niliona ameelewa kabla maneno hayajaisha. Vidole vya yule fundi wa kizungu vilionyesha mwendo tu. Hili la kula ni lazima lilikuwa la drafti, la vizibo vya soda. Tulikuwa tumejua magrandmasta wanalalaje, wananuna vipi, wanachukiana vipi, na hatukuwa tumejua mchezo.

Nilikuwa nimeomba kipigo, na hiki hapa. Sikukifurahia hata kidogo.

Lakini mzee alikuwa anapanga kete upya. "Anasema, cheza wako," alisema Amade. "Wa kwenu. Anautaka."

Wakacheza sataranji ya Magomeni. Na hapo, jamani, nendeni mkawaulize watu wa Palma, Selemani alimburuta. Alimrushia askari, mzee akalazimika kula. Alimrushia farasi, mzee akala. Akamtoa mfalme wake nyumbani kwa kumlisha, kete kwa kete, kama unavyomtoa kuku bandani kwa mtama, mpaka mfalme akasimama katikati ya ubao peke yake ameshiba na amekwisha. Walirudia. Akamfunga tena. Mzee alipiga paja kila anapofungwa. Alisema tangu utotoni hajawahi kuketi mbele ya ubao bila kujua kitakachofuata.

Asubuhi, wakati wa mikate, Selemani alitoka mapema, akaongea kabla ya adhuhuri. "Mwambie sasa tucheze wa kwake."

Sitawasimulia. Chai haikupoa. Alifungwa, akapanga, akafungwa, akapanga. Kila mkono wake ulipokimbilia kula, mzee alimgusa kiganja taratibu na kutikisa kichwa. Hakununa hata mara moja, na hilo ndilo lililonitia hofu.

KURUDI

Njia ya kurudi ilikuwa ileile, ila bila kiti. Alikiacha kwa Bi Zaina, na tulipoondoka alikuwa ameshapanga mikate juu ya mto wa sufi. Mwenye boti aliuliza mganga ameficha wapi kiti cha kazi. Mashine iliwaka yenyewe, tukavuka bila kukwama, hakuna aliyepiga kigelegele.

Juu ya gari, baada ya Mahurunga, nilimwambia yaliyokuwa moyoni. "Shemeji, umemfunga grandmasta wa dunia. Mimi shahidi, Amade shahidi. Hayo mengine nani anayajua? Sema umemfunga."

"Si uongo," alisema.

"Si uongo hata chembe."

Alikunja mikono juu ya sanduku.

KIBARAZANI KWA FUNDI BAKARI

Walikuwa wametungoja. Fundi Bakari alizima redio zote, jambo ambalo hata mwezi wa Ramadhani halifanyi.

"Umeshinda, umeshindwa?" aliuliza.

"Nimeshindwa," alisema Selemani. "Na kingine. Kula si lazima. Miaka yote tulikuwa tunakosea."

Mngewasikia! Walimpigia kelele wote kwa mpigo. Fundi Bakari alisimama juu ya kibao. "Kula si lazima? Sasa mchezo utakwendaje? Kila mtu akae na vyake, tutazamane?" Mwingine akasema mzungu amemchezea akili. Mwingine akasema mtu akishindwa hurudi na sheria mpya.

Nikaingilia. "Alimfunga! Kwa mchezo wa hapa alimfunga mara mbili, nilikuwepo!"

Wakageuka kumtazama, na nawaapia, ilibaki neno moja tu. Angeitikia kwa kichwa, angelala Grandmasta.

"Ule ni mchezo wetu," alisema Selemani. "Sataranji ni ile niliyofungwa. Nilisema nikishindwa jina nalivua. Nimelivua."

Nilikasirika. Nilimkasirikia kwa njia nzima kutoka pale hadi nyumbani, kwa sababu miaka yote nilimwona ni mtu wa maonyesho, na siku aliyopewa onyesho zuri la kweli akalikataa.

Fundi Bakari ndiye Grandmasta sasa. Kula bado ni lazima kwenye kibaraza kile. Wiki iliyopita nilisikia hataki watu wakohoe akifikiria, na ameagiza kiti.

Selemani aliondoa ubao mezani siku ileile, akausukuma chini ya kitanda. Tukala mezani. Tulikuwa tumezoea mkeka, kila mtu akajigonga goti, watoto wakacheka uani bila kunyamazishwa, na mke wangu akawa anatazama mlangoni kama kuna mgeni hajafika. Haikuchukua muda. Jana jioni mke wangu aliinama mwenyewe chini ya kitanda, akautoa ubao, akaufuta vumbi kwa kanga, akauweka mezani kati ya sahani.

"Cheza naye," aliniambia. "Nyumba imekuwa kubwa."

Nikaketi. Selemani alicheza polepole, kama mtoto anayesoma herufi. Kisha akamchukua malkia mwenye meno, akamweka peupe kabisa, pale askari wangu anapoweza kumla.

"Si lazima kula, shemeji," alisema.

Nilijua. Nilikuwepo Palma, nililisikia kwa masikio yangu, na nimewaandikia ninyi kurasa zote hizi. Mkono ukaenda wenyewe. Nikala.

Alisogeza ngome, mfalme wangu akakosa pa kwenda.

"Panga tena, Grandmasta," nilimwambia.

"Selemani," alisema, akapanga.